Kusimamisha kamera ao kutembea nayo: ufilme namna gani maisha ya kila siku hapa Lubumbashi

Juzi mudogo wangu mmoja wa Katuba alinitumia vokali ya dakika saba (vijana wa leo hawaandiki tena), anauliza kitu ambacho na mimi kilinihangaisha miaka mingi. Anasema yaya, mimi sitaki filme ya hadithi, sitaki waaktari, sitaki zile za kupigana na bunduki ya mbao, nataka tu kuonyesha namna watu banaishi kutoka asubuhi mpaka magaribi, lakini niliangalia wazungu wenye kufanya vile nikaona kila mutu na yake, mmoja anasimamisha kamera dakika kumi haigusi, mwingine anaitikisa kama mutu wa malaria, sasa mimi nifuate nani? Vyombo vyake ni telefone nzuri kiasi, trepie (ile miguu mitatu ya kusimamishia kamera) ya Kichina, mguu wake mmoja umefungwa na skochi, na kamera ndogo ya kuazima kwa mjomba wake.

Nilimujibu kwa vokali tatu halafu nikaona bora niandike, juu najua si yeye peke yake. Mimi si profesa wa sinema, kazi yangu ni montaji (kukata na kuunganisha video) ya ndoa na vilio (matanga), hizi filme zingine nazifanya usiku wakati kuranti iko. Kwa hiyo nitalinganisha kama mutu aliyejaribu na kuchoma bateri zake mwenyewe.

Tuanze na wale wa kusimamisha. Mwenye jina kubwa pale ni James Benning, Mumarekani aliyezaliwa Milwaukee mwaka 1942. Mwaka 2004 alitoa filme ya maziwa 13: plani 13 (plani ni kipande kimoja, toka kuwasha kamera mpaka kuizima), kila plani dakika 10, kamera haisogei hata kidogo, nusu ya picha ni maji nusu ni mbingu, basi. Mwaka ule ule akatoa ingine ya mbingu kumi, dakika kumi kumi, mawingu tu. Mwaka 2007 akafanya ya treni, na hapo sheria yake ni nzuri kabisa: plani inaanza wakati treni inaingia mu picha na inaisha wakati behewa la mwisho limetoka, treni 43, kwa hiyo si yeye anaamua urefu, ni treni. (Huku kwetu ukikaa pembeni ya reli na sheria ile, beba godoro na bukari ya siku mbili.)

Watu wanauliza kwa nini dakika 10, wanafikiri ni falsafa. Kidogo ni falsafa, lakini pia roli kubwa ya filme ya milimita 16 ina futi 400, na futi 400 ni kama dakika 11, ikiisha imeisha. Yaani kifaa chenyewe kilimpa kipimo na yeye akakikubali. Sisi wa telefone hatuna roli, njo maana tunafilme ovyo, tunawasha na kuzima kama swichi. Lakini na sisi tuko na vipimo vyetu kama tukivitafuta: telefone nyingi kwa ubora wa picha wa 1080p zinakula karibu mega 130 kwa dakika, kwa hiyo dakika 10 ni kama giga 1.3, na ukiwa na giga 6 zimebaki juu ya picha za binamu zako, basi una plani nne na kidogo, chagua vizuri. Na ile kamera ya mjomba, kama ni ya zamani kidogo, itajizima yenyewe ikifika giga 4 ao ikifika dakika 29 na sekunde 59. Ile ya giga 4 ni namna kadi inavyohifadhi mafaili. Ile ya dakika 29 ni mambo ya ushuru wa Ulaya, kamera ya picha ikifilme nusu saa ao zaidi walikuwa wanaihesabia kama kamera ya video na kodi inapanda, kwa hiyo viwanda vikaikata pale. Mimi mara ya kwanza sikujua, nilifikiri imekufa, nikaipiga kibao.

Sasa njia hii inakupa nini. Niliijaribu kwenye robine ya parseli ya jirani, watu wa avenyu nzima wanachota pale. Nimepita pale toka utoto. Nikaweka trepie kwenye kibaraza chetu, nikawasha, nikakaa chini nyuma yake na mikono mifukoni. Dakika ya kwanza watoto wanarukaruka mbele ya kamera, ya pili vile vile, ya tatu wanachoka, ya nne wanasahau. Na kuanzia hapo njo picha inaanza. Nikaona kitu sijawahi kuona maisha yangu yote: mabidoni yanapanga foleni peke yao, wenyewe hawapo, wameenda kufua, wameenda soko ya komini ya Kenya, wamerudi kulala, lakini bidoni imesimama pale kwa niaba ya mutu na hakuna anayeipita, na kila moja ina alama, moja kitambaa chekundu, moja rangi ya kucha, moja imechomwa na misumari ya moto herufi mbili. Mama mmoja alikuja akasukuma bidoni yake na mguu, na ya jirani yake ambaye hayuko akaisukuma pia, hatua moja moja, bila kuangalia. Ningekuwa natembea na kamera mkononi ningefilme sura za watu, maji yanayomwagika, watoto wanaocheka, na ile mguu ningeikosa.

Kwa hiyo mu parseli, mu nyumba, kwenye dirisha, trepie ni mfalme. Pale njo Chantal Akerman atakusaidia kuliko Benning. Yeye ni Mubeleji wa Bruxelles, alifanya mwaka 1975 filme ya dakika 201 ya mama mjane anayemenya viazi, anaosha vyombo, anatandika kitanda, siku tatu hivi. Ile si maisha ya kweli, mama pale ni mwaktari, Delphine Seyrig, na kuna kisa ndani, lakini namna kamera imekaa, mbele kabisa, chini kidogo, haimfuati mutu akitoka mu chumba, inamungoja, ile unaweza kuiba bila aibu. Miaka mingi watu waliiona ni ya kuchosha, na mwaka 2022 wakosoaji zaidi ya 1,600 walioulizwa na gazeti la Uingereza, Sight and Sound, wakaiweka ya kwanza ya dunia nzima. Mimi siamini sana mambo ya namba moja, lakini nilipoiona nikasema bukari inastahili vile vile. Maji kuchemka, unga wa kwanza, kungoja, unga wa pili, kusonga mpaka mkono unauma, kugeuza mu sahani. Nikamuomba tantine yangu. Nikaweka kamera kwenye urefu wa mbabula, nikatoka. Baada ya dakika nane nasikia sauti: "Weye! Uko unafilme mugongo yangu tu?" Ndiyo tantine, mugongo. Akacheka, akaendelea, na sasa ile sauti yake ndiyo sehemu nzuri kuliko zote.

Lakini shida kubwa ya trepie kwa mutu wa hapa, na hakuna kitabu kitakuambia. Benning anasimamisha kamera yake mahali ambapo hakuna mutu, mu jangwa, kando ya ziwa, ndege ndiyo wanamuangalia. Kule trepie ni ukimya. Huku trepie ni tarumbeta. Fungua miguu mitatu kwenye karfuri ya mujini, hesabu mpaka mia, utakuwa na watu arobaini, na filme yako ya maisha ya kila siku itakuwa filme ya watu wanaoangalia kamera na kuuliza ni ya televizyo gani. Na wa arobaini na moja atakuwa ni bwana mmoja wa mashati ya kawaida mwenye kuuliza karatasi. Mimi alinikuta, sitasema ni wa wapi. Nilikuwa nafilme kivuli cha mti, kweli kabisa, kivuli namna kinavyotembea juu ya wauza kredi, nikapoteza nusu siku kwenye benchi, na kadi ya memori ikabaki kule. Nyuma ya mti kulikuwa na ukuta, na nyuma ya ukuta kulikuwa na kitu ambacho mimi sikujua. Kwa hiyo karibu na kambi, madaraja, vituo vya polisi, mageti ya migodi na nyumba za wakubwa, usitie miguu mitatu kama huna karatasi yenye muhuri, na hata ukiwa nayo enda na mutu mzima mwenye kujua kusalimia.

Kitu kimoja kidogo hapa mbele ya kuruka upande wa pili. Sauti. Plani ndefu inakula sauti yote, na sauti yetu mara nyingi ni gurupu la jirani, ile mashini ya kutoa umeme. Dakika 10 za gurupu, hata Akerman angekimbia. Kuna mwingine, Peter Hutton, aliyefariki mwaka 2016, alikuwa baharia kwanza, alifanya kazi kwenye meli, na filme zake karibu zote hazina sauti hata kidogo, picha tu, meli, mito, miji. Nilidhani ni mambo ya zamani mpaka nilipofunga sauti ya plani yangu moja ya asubuhi ya moshi wa makala, na ghafla moshi ukaanza kuonekana. Kama gurupu imekushinda, zima sauti yote, usiweke muziki juu yake. Tafadhali usiweke muziki.

Haya, wa kutembea.

Pale mkubwa ni Jonas Mekas. Alizaliwa Lithuania mwaka 1922, vita ikamtoa, akapita mu kambi ya kazi Ujerumani na makambi ya wakimbizi, akafika New York mwaka 1949 na ndugu yake, na hawajamaliza hata miezi miwili kule wakakopa pesa wakanunua kamera Bolex. Fikiria: hawana kitu, wanakopa, wananunua kamera. Mutu wa Lubumbashi anaelewa, juu huu mji nusu yake babu zao walikuja na reli kutoka mahali pengine na kitu kimoja mkononi. Bolex ni kamera ya kukaza na mkono kama saa ya ukutani, ukikaza mpaka mwisho inatembea kama nusu dakika halafu inalala, na roli yake ndogo ya futi 100 haifiki dakika tatu. Kwa hiyo na yeye kifaa kilimpa kipimo, lakini cha kinyume: vipande vifupi, sekunde mbili, sekunde tano, picha moja moja zinaruka, theluji, harusi ya rafiki, paka, kikombe cha kahawa, mutu anacheka, tayari imeisha. Mwaka 1969 akavikusanya mu filme ya saa tatu aliyoiita shajara, na sauti yake mwenyewe juu yake na ile lafudhi nzito ya kikwao. Na mwaka 2007, mzee wa miaka zaidi ya 80, akaweka video moja kwenye intaneti kila siku, mwaka mzima, siku 365. Vijana wa status wanafikiri wao ndio wa kwanza.

Tofauti na Benning si kutikisika. Benning anajitoa mu picha, anataka uangalie ziwa na umsahau yeye. Mekas hawezi kutoka, ile picha ni jicho lake na mkono wake na ulevi wake na kumbukumbu ya kwao aliyoipoteza. Haangalii watu kwa mbali, ni watu wake. Kwa hiyo ukichagua njia hii usitafute watu wa kufilme, watu wako ni wale wale unaokula nao. Hapo njo wengi wanakosea, wanachukua telefone wanaenda mu mtaa wa watu wengine kutikisa kamera mbele ya umaskini wa wengine halafu wanasema ni shajara. Shajara ya nani?

Kwa gharama, njia hii mwanzoni ni kama bure. Sekunde 10 kila siku, mwaka mzima, ni dakika 60 na sekunde 50, tayari filme ya saa moja, na haikukukosesha kazi hata siku moja. Dakika moja kila siku ni kama giga 47 kwa mwaka, diski ndogo inatosha. Telefone mkononi hakuna anayegeuka, unapanda taksi-basi unafilme kiti cha mbele, unafilme mkono wa konvwayeri na noti za kukunja katikati ya vidole, unafilme mvua ya kwanza ya mwezi wa kumi kwenye udongo mwekundu, unafilme kinga (baisikeli) zenye magunia ya makala zikiingia mujini asubuhi. Lakini deni linakuja kwenye montaji. Plani za Benning ukiwa nazo 13 unazipanga siku moja, laptopu yoyote itaweza, hata ile yangu yenye herufi tatu zilizokufa. Vipande 900 vya sekunde 10 vitakuua. Mimi nilifanya miezi saba tu ya shajara na nilikaa miezi mitano kuipanga, laptopu inazima kila saa moja, nikaanza kuchukia sura za watu wangu mwenyewe. Kwa hiyo ukichukua hii, kila usiku andika maneno matatu ya kile ulichofilme, na sema kitu kwenye telefone, sauti yako, usiku ule ule, sekunde ishirini. Sauti ya siku ile haina mfano. Ukirudi baada ya miezi sita kusema juu ya picha, unaanza kuongea kama padri.

Na hii njia ina ubaya mwingine ambao nauogopa kuliko laptopu. Trepie ni tarumbeta, sawa, lakini tarumbeta inapiga hodi. Kila mutu ameona kamera iko pale, mwenye hataki anazunguka, mwenye anataka anakaa, mama anatengeneza kitambaa chake. Telefone haipigi hodi. Inaingia mu nyumba ya mutu na viatu. Kwenye kilio hasa. Mimi nafilme vilio kwa kazi, familia inaniita, wananijua nimesimama wapi, lakini siku moja nilikuwa mgeni tu, kilio cha rafiki, na telefone yangu ya shajara, sekunde 10 za siku ile, nikachukua mikono ya mama yake juu ya mkeka. Picha nzuri kupita zote nilizowahi kuchukua. Baada ya wiki mbili nikamuonyesha yule rafiki. Akaangalia, akanirudishia telefone, akasema "aksanti," na mpaka leo hajaniita tena kwao. Ile picha iko, sijaiweka mu filme yoyote. Kwa hiyo mudogo wangu, ukiniuliza tofauti ya kweli kati ya hizi njia mbili, ni hii: unapiga hodi wakati gani? Wa trepie anapiga mbele, kwa nguvu, na analipa pale pale kwa maswali na makaratasi na watoto wanaoruka. Wa telefone hajapiga, kwa hiyo atapiga baadaye, mlango kwa mlango, filme ikiwa tayari, na mwenye nyumba anaweza kusema hapana na kazi ya mwaka ikaanguka.

Kuna njia ya tatu, ya kukaa. Si kusimama, si kutembea, ni kukaa na watu wamoja mpaka wakuzoee. Mumarekani Frederick Wiseman aliifanya toka 1967, yeye alikuwa mutu wa sheria kwanza, akaingia mu hospitali ya wafungwa wenye ugonjwa wa akili, na baadaye mashule, makorti, hospitali, hakuna kumuuliza mutu swali, hakuna sauti ya kueleza, hakuna muziki, yeye mwenyewe anashika mikro na mwingine anashika kamera, halafu anakaa miezi na miezi kwenye montaji. Ile ya kwanza korti ya Massachusetts iliifunga, sababu kubwa walisema ni siri ya wale wagonjwa, ikakaa mpaka 1991 ndipo watu wote wakaruhusiwa kuiona. Unaona, hodi tena. Na huku kwetu kuingia mu ofisi ya serikali na kamera miezi miwili, usiote. Lakini kinyozi? Kwaya? Duka la simu? Zile nazo ni nyumba zenye sheria zake.

Na kwa njia hii huna haja ya kwenda Marekani, muangalie Dieudo Hamadi wa Kisangani. Anashika kamera mwenyewe. Mwaka 2014 alitoa filme ya wanafunzi wa kwao, waliofukuzwa shule juu ya pesa ya masomo, wamejifungia pamoja mu nyumba moja kujitayarisha kwa Eksamen d'Etat, ule mtihani wa serikali wa kumaliza sekondari. Nani kati yetu hajui ile nyumba? Mwaka 2017 akatoa ya mama mmoja koloneli wa polisi anayehamishwa kutoka Bukavu kwenda Kisangani. Mwaka ule ule Mufaransa Emmanuel Gras akatoa Makala, ya bwana mmoja wa upande wa Kolwezi anayekata mti, anachoma makala, anapakia kinga na kuisukuma mpaka mujini, watu wanaongea Kiswahili yetu, na ikapata zawadi kubwa ya Wiki ya Wakosoaji kule Cannes. Kamera mule inatembea na mwendo wa kinga, si haraka kuliko kinga. Ile ni adabu. Mimi ningetoa ile muziki yao ya selo na kuacha kilio cha gurudumu, lakini mimi ni mutu wa montaji za vilio, usinisikilize.

Njia hii ni nzuri kuliko zote na ni ghali kuliko zote, juu inakula maisha yako. Kama una kazi ya asubuhi mpaka jioni, sahau kwanza. Kama huna kazi, pia angalia, juu mutu unayemfilme miezi mitatu atakuwa ndugu yako, ataomba transporo, mtoto wake ataugua, na hautaweza kusema mimi ni wa kuangalia tu. Nani kakuambia unaangalia tu?

Ya nne naipitia haraka, ya Jean Rouch, yule Mufaransa wa Niger, ambaye, mu filme iliyotoka mwaka 1961, yeye na mwenzake Edgar Morin walituma watu mu njia za Paris kuuliza wapita njia kama wako na furaha. Yule haangalii, anachokoza. Si kile mudogo ameuliza. Lakini alikuwa na tabia moja ya kuiba: filme ikiisha anaonyesha wale wale waliofilmwa, na maneno yao baada ya kuona yanaingia pia. Weka shuka nyeupe kwenye ukuta wa parseli, azima projekta ya kanisa, usiku mmoja unatosha. Mimi nilionyesha ile ya robine vile. Mama wa bidoni aliona mguu wake, akalalamika kwamba ndala ilikuwa imekatika na sikumwambia.

Sasa nani achukue nini. Kama una dirisha zuri, ao kibaraza, ao mama mwenye uvumilivu, na kichwa chako hakikimbii, chukua trepie, na usitoke mu parseli mwaka wa kwanza. Kama unatembea sana, motari, muuza kredi, mwanafunzi wa kupanda taksi-basi mbili kwenda na mbili kurudi, trepie itakuwa mzigo tu, chukua sekunde 10, lakini filme watu wenye kujua jina lako. Kama unataka kuonyesha kwenye maonyesho ya sanaa, plani ndefu inakaa vizuri ukutani, mutu anaingia dakika ya tatu anatoka ya tano na hajakosa kitu, hapa mujini tuko na sentri ya sanaa yenye jina Picha na ile Biennale yao (maonyesho ya kila miaka miwili) toka 2008, enda uangalie namna video zinavyowekwa mbele ya kuamua. Kama unataka familia yako iangalie mpaka mwisho, shajara. Plani ya dakika 10 ya moshi wa makala, baba yangu aliangalia dakika moja akauliza kama telefone imekwama.

Na kama bado hujui, fanya hivi wiki moja: mahali pamoja, saa ile ile. Siku tatu trepie, dakika 10, usiguse. Siku tatu mkononi, vipande vifupi, hakuna kuzidi sekunde 10. Siku ya saba usifilme, kaa tu pale na mikono mitupu. Halafu jiulize siku gani watu walikusalimia.

Mudogo alifanya, kweli. Jana usiku akanitumia ya siku ya kwanza. Amesimamisha telefone kwenye dirisha la jiko, uwanja wa parseli, mbwa amelala, nguo kwenye kamba. Dakika saba hakuna kitu. Ya nane mama yake anaingia, hajui, ao anajifanya hajui, anasogeza telefone pembeni ili apate mahali pa kuweka sufuria, na kuanzia hapo mpaka mwisho nusu ya picha ni kifuniko na mvuke, na nusu ni mbwa. Ananiuliza yaya, nirudilie? Nikamuambia acha vile vile, muulize mama kama anakubali, halafu usinitumie tena kwa WhatsApp inakunja picha, lete kadi.